Km 230, tabianchi tatu: kwa nini kanuni ya nyuzi 6.5 kwa kilomita inagoma?

Nyanda_Kame ameuliza:

Wakuu, habari za kazi. Kuna mstari mmoja kwenye ramani umenishinda kuueleza kwa hesabu ninayoijua.

Mstari unaanzia Newport, pwani ya jimbo la Oregon, Marekani, unavuka milima ya Cascades na kuishia Bend, mji ulio m 1,100 juu ya usawa wa bahari upande wa pili wa milima, pale zinapoanzia nyanda kame za juu. Ukipima moja kwa moja ni kama km 230 tu, na latitudo ni karibu ileile, digrii 44 na kitu kaskazini. Sasa tazameni:

Julai, wastani wa joto la juu mchana: Newport nyuzi 18 hivi, Bend nyuzi 28 hivi.
Julai, wastani wa joto la chini usiku: Newport 10 hivi, Bend 8 hivi.
Mvua ya mwaka: Newport inapita mm 1,600, Bend haifiki mm 300.

Kanuni ya darasani inasema joto hupungua nyuzi 6.5 kwa kila kilomita unayopanda. Kwa kanuni hiyo mchana wa Bend ungekuwa nyuzi 11. Kumbe ni 28. Nyuzi 17 si kosa la kipimajoto.

Naomba kueleweshwa: kanuni inakwama wapi? Mlima unakausha hewa kwa kiasi gani, na kiasi hicho kinakokotolewaje? Kwa nini usiku mambo yanageuka? Halafu la vitendo: ukiweka vituo vitatu vya kupimia, kimoja pwani, kimoja mlimani kwenye m 1,500 hivi na kimoja nyandani, vinaweza kutumia vifaa vya aina moja?

---

Joshini amejibu:

Mkuu, kanuni haina kosa, imepelekwa mahali si pake. Nyuzi 6.5 ni wastani wa anga huru, yaani puto likipanda wima juu ya sehemu moja. Wewe hukupanda wima. Umesafiri km 230 juu ya ardhi, na kila kipande cha ardhi kinaipasha hewa kwa namna yake.

Na kabla hujaituhumu Bend, anza na Newport, maana hiyo ndiyo yenye joto la ajabu. Ushahidi uko pembeni kidogo ya mstari wako: mji wa Salem uko km 80 hivi kutoka baharini, mwinuko wake ni m 60 tu, na wastani wa mchana wa Julai ni nyuzi 28 hivi, sawa na Bend. Mwinuko haujabadilika wowote wa kutajwa, joto limeruka nyuzi 10. Kwa hiyo swali la kwanza si "Bend iko juu kiasi gani?" bali "bahari inafanya nini?"

Inafanya hivi. Kiangazi upepo huvuma kutoka kaskazini sambamba na ufuko. Mzunguko wa dunia huyasukuma maji ya juu kulia kwa upepo, yaani kuelekea bahari kuu, na maji baridi ya kina yanapanda kuziba pengo. Ndiyo maana hata Julai maji ya pale ni nyuzi 10 hadi 13. Hewa iliyolala juu yake inapozwa kuanzia chini, inakuwa nzito na kutulia kama tabaka lenye unene wa mita mia chache, huku juu yake ikipita hewa yenye joto zaidi. Hewa hiyo ya juu ni kifuniko: ukungu na mawingu ya chini hubaki ndani. Mchana kama huo ukipanda kilima cha m 700 nyuma ya ufuko unaweza kukuta joto limeongezeka badala ya kupungua. Hapo 6.5 haina kazi kabisa.

Kule Bend jua linapiga udongo mkavu. Penye msitu na udongo wenye maji, sehemu kubwa ya nishati ya jua huishia kugeuza maji kuwa mvuke, megajouli 2.5 kwa kila kilo ya maji, na nishati hiyo haionekani kwenye kipimajoto. Pasipo na maji ya kuvukiza, karibu yote inaingia kwenye hewa. Alasiri hewa ya nyanda kame huchanganyika hadi km 2 au hata 4 juu ya ardhi, na ndani ya mchanganyiko huo joto hupungua kwa nyuzi 9.8 kwa kilomita, si 6.5. Ukitaka kulinganisha sehemu za miinuko tofauti wakati wa mchana, ishushe kila hewa kimawazo hadi usawa wa bahari kwa 9.8. Bend: 28 + (1.1 × 9.8) = karibu 39. Newport: 18. Hiyo ndiyo tofauti halisi ya hewa hizo mbili. Uwanda wa juu ni jiko lililonyanyuliwa.

Sasa mlima. Mabaharia wetu wana maneno mawili yanayofaa kuliko yote: *joshini*, upande upepo unakotokea, na *demani*, upande uliokingwa. Mvua huanguka joshini, ukame hukaa demani. Hesabu yake tuichukue kwa siku ya upepo kutoka baharini, hewa ya pwani ikiwa nyuzi 14 na kiwango chake cha umande (joto ambalo mvuke huanza kuwa matone) kikiwa nyuzi 10.

Kwanza tafuta msingi wa wingu: tofauti ya joto na kiwango cha umande mara m 125. Hapa (14 − 10) × 125 = m 500. Hadi hapo hewa inapoa kwa 9.8, kwa hiyo kwenye m 500 iko nyuzi 9.1. Kutoka hapo kwenda juu mvuke unageuka matone na kurudisha joto lililofichwa ndani yake, kwa hiyo hewa inapoa polepole zaidi, karibu nyuzi 5.5 kwa kilomita kwa hewa ya joto hili. Ukiivusha kwenye mgongo wa mlima wa m 2,000: 9.1 − (1.5 × 5.5) = karibu 0.8. Kisha inashuka demani. Ikianza kushuka tu, matone yaliyobaki hukauka, wingu linaisha, na hewa inapata joto kwa 9.8 yote. Kutoka m 2,000 hadi m 1,100: 0.8 + 8.8 = 9.6.

Linganisha na hewa ileile kama ingepanda hadi m 1,100 bila kutoa tone: 14 − 10.8 = 3.2. Mlima umeiongezea zaidi ya nyuzi 6, bila jua lolote.

Na mvuke? Ilianza na gramu 7.6 hivi kwa kila kilo ya hewa. Juu ya mgongo haiwezi kubeba zaidi ya gramu 5.1. Theluthi moja imeanguka joshini. Pwani unyevu wa hewa ulikuwa asilimia 77. Demani kwenye nyuzi 9.6 ni kama asilimia 60, na jua likiipasha hadi 25 unabaki kama asilimia 23. Angalia vizuri hapo: mlima umechukua theluthi tu. Ukavu unaousikia kooni umetengenezwa zaidi na joto la baadaye kuliko na mvua iliyoanguka. Hili watu wengi hulipita.

Hesabu hii huharibiwa na mambo mawili. Moja, si matone yote yanayoanguka. Mengine huvuka mgongo yakiwa bado wingu na kukaukia upande wa pili, yakirudisha mvuke na kula joto, kwa hiyo zile nyuzi 6 ni kikomo cha juu. La pili ni baya zaidi: mara nyingi hewa ya chini haivuki kabisa. Gawanya kasi ya upepo (mita kwa sekunde) kwa urefu wa mlima (mita) uliozidishwa na 0.01, namba ya kawaida ya utulivu wa hewa. Upepo wa 10 na mlima wa m 2,000 unatoa 10 ÷ 20 = 0.5. Ikiwa chini ya 1, hewa ya chini huelekea kukwama upande wa joshini au kuuzunguka mlima, na inayoshuka demani ni ile ya juu, ambayo ilikuwa kavu tangu mwanzo. Matokeo kwa macho ni yaleyale, joto na ukavu, lakini ukitumia hesabu ya mvua kueleza siku kama hiyo utakuwa umesema uongo.

---

Nyuzi_Hasi amejibu:

Joshini kamaliza mchana, mimi nichukue usiku.

Ardhi hutoa joto kwenda angani usiku kucha kama mionzi isiyoonekana. Mvuke na mawingu huinasa na kurudisha sehemu yake chini. Newport imelala chini ya ukungu, na bahari ya pembeni ina akiba kubwa: kupoza kilo moja ya maji kwa nyuzi moja lazima uondoe kilojouli 4.2, wakati mchanga mkavu ni 0.8 tu, na bahari huchanganyika kwa makumi ya mita kwenda chini. Nyandani mbingu ni safi, mvuke haba. Tena udongo wa maeneo ya Bend una mawe mepesi ya volkeno yenye matundu na hewa ndani. Haupitishi joto vizuri, kwa hiyo uso wake ukipoa haupati msaada kutoka chini. Ndiyo maana mchana na usiku vimetengana kwa nyuzi 20 kule, na 8 tu pwani.

Kuna breki moja inayofaa kuijua kwa ajili ya kutabiri. Joto likishuka hadi kiwango cha umande, mvuke huanza kuwa maji, hutoa joto, na kushuka kunapungua sana. Usiku mtulivu usio na wingu, kiwango cha umande cha wakati wa machweo ni makadirio mazuri ya kwanza ya joto la chini la alfajiri. Pwani breki hiyo inakamata kwenye nyuzi 10. Nyandani kiwango cha umande kinaweza kuwa 2, au chini ya sifuri, hivyo breki iko mbali. Sehemu nyingi za nyanda za Oregon zinaweza kupata jalidi mwezi wowote wa mwaka, Julai ikiwamo.

Halafu kuna jambo ambalo ramani ya mwinuko inalificha: hewa baridi hutiririka kama maji. Inateremka miteremko usiku na kujaa kwenye mabonde, hasa yale yasiyo na mdomo wa kutokea. Kituo chini ya bonde na kingine m 100 juu yake kwenye mteremko vinaweza kutofautiana nyuzi 5 hadi 10 alfajiri moja, cha juu kikiwa ndicho chenye joto. Mfano unaojulikana zaidi ni Peter Sinks, Utah, shimo la asili lililo karibu m 2,500 juu ya bahari: tarehe 1 Februari 1985 lilishuka hadi nyuzi −56.3. Si kwa sababu ya mwinuko. Vilele vilivyo juu yake havifikii baridi hiyo, maana hewa ya baridi haikai kileleni.

Rekodi za Oregon zinasimulia habari hiyohiyo. Joto: nyuzi 48.3 mjini Prineville, Julai 1898, si mbali na Bend, na Pendleton ilifikisha kiwango hichohicho Agosti ya mwaka huo. Baridi: nyuzi −48 mjini Seneca, Februari 1933, na Ukiah siku moja kabla yake. Zote nne ziko mashariki ya Cascades. Pwani haina hata moja, na vilele vya mlima pia havimo.

Kwa hiyo kituo chako cha nyandani: ukikiweka chini ya bonde kitapima bonde. Kiweke kwenye uwanda wazi wenye mteremko mdogo, au weka vipimajoto viwili, kimoja bondani na kimoja m 50 hadi 100 juu. Cha pili hakihitaji kuwa kituo kamili, kipimajoto chenye kurekodi kila dakika 10 kinatosha.

---

Fundi wa Kipimamvua amejibu:

Vifaa vya aina moja kwa vituo vyote vitatu: kwa joto ndiyo, kwa sharti. Kwa mvua hapana.

Kipimajoto. Kiweke kati ya m 1.25 na m 2 juu ya ardhi, ndani ya kinga yenye matundu, juu ya uoto wa kawaida wa mahali, si saruji wala changarawe uliyomwaga mwenyewe. Shida itatokea nyandani na mlimani. Kinga ya sahani inategemea upepo kuipoza, na jua kali likikutana na hewa iliyotulia kihisi huonyesha nyuzi 1 hadi 3 zaidi ya hewa yenyewe. Theluji ikifunika ardhi ni mbaya zaidi, kwa kuwa jua linarudi kutoka chini na kuingia kwenye kinga kwa upande ambao haukutengenezwa kuzuia. Dawa ni kinga yenye feni. Kama umeme ni haba, feni iwashwe mchana tu. Lakini ukiweka feni kituo kimoja, weka vyote vitatu, la sivyo unalinganisha kinga badala ya hewa. Mlimani pia kumbuka kuwa "m 2 juu ya ardhi" Februari inaweza kuwa ndani ya theluji. Nguzo iwe na mkono wa kupandisha na kushusha.

Pwani tatizo ni chumvi. Inakula viunganishi na kutanda kwenye kihisi cha unyevu, na chumvi hunyonya maji, kwa hiyo kinaanza kuonyesha unyevu wa juu hata hewa ikiwa kavu. Dalili: hakishuki chini ya asilimia 75 hivi hata siku za upepo wa bara. Badilisha kichujio chake mara kwa mara na usafishe kinga kwa maji yasiyo na chumvi. Nyandani kihisi hichohicho kitasumbuliwa na vumbi.

Mvua. Kipimamvua cha vijiko vinavyopinduka kinafaa pwani, basi. Umbali wake na mti au jengo uwe angalau mara mbili ya urefu wa kizuizi kinavyozidi mdomo wa chombo, ikiwezekana mara nne. Mlimani kifaa hicho bila kipasha joto hakipimi kitu: theluji inajaa faneli, inakaa siku tatu, jua likitoka inayeyuka, na rekodi inakuambia mvua ilinyesha siku isiyo na wingu. Hata ukiweka kipasha joto, sehemu ya theluji huvukiza kabla ya kuhesabiwa. Mlimani tumia kipimamvua cha kupima uzito, chenye maji ya kuzuia kuganda ndani na mafuta kidogo juu ili yasivukize.

Na upepo, mkuu, upepo ndio mwizi mkubwa. Chombo kilichosimama peke yake hupindisha upepo juu ya mdomo wake, na chembe za theluji, kwa wepesi wake, hupita bila kuingia. Upepo ukizidi mita 5 kwa sekunde, chombo kisicho na uzio kinaweza kukosa nusu ya theluji au zaidi. Weka uzio wa vibao vinavyoning'inia kukizunguka, na uchague uwazi ndani ya msitu badala ya mgongo mtupu wa mlima. Uwazi huo mdogo ndio kituo bora kuliko uzio wowote wa kununua.

Kuhakiki, pima theluji yenyewe kwa bomba. Chukua bomba la kipenyo cha sm 10, lipenyeze wima hadi ardhini, toa nguzo ya theluji, ipime uzito. Eneo la mdomo ni sm² 78.5. Gawanya gramu kwa 78.5, zidisha kwa 10, unapata milimita za maji. Gramu 785 ni mm 100 za maji. Fanya sehemu tano na uchukue wastani, kwa sababu upepo hurundika theluji bila usawa. Usigeuze kina kuwa maji kwa ile kanuni ya kumi kwa moja (sm 10 za theluji ni sm 1 ya maji). Theluji ya joshini ya Cascades ni nzito na yenye maji mengi, ya nyandani ni nyepesi kama unga. Kina kilekile, maji tofauti kabisa. Kule Crater Lake, ziwa lililo juu kwenye Cascades, jumla ya theluji inayoanguka kwa mwaka ina wastani wa karibu m 13, na mtu akiigawa tu kwa kumi atajikuta na jibu ambalo bomba litalikataa.

Nyandani: mvua ni haba na mara nyingi huja kwa matone machache yanayokaukia kwenye faneli. Kijiko cha mm 0.2 hakipinduki kabisa kwa mvua ya mm 0.15, na kilichobaki ndani hukauka kabla ya mvua inayofuata. Tumia kijiko cha mm 0.1, au chombo cha kupima uzito hukohuko.

---

Nyanda_Kame:

Asanteni sana wakuu. La ziada kuhusu mgandamizo wa hewa. Tuseme kipima mgandamizo cha nyandani, m 1,100, kinaonyesha hPa (hektopaskali) 888 alfajiri na 888 mchana. Programu ya kituo inavigeuza kuwa usawa wa bahari na kutoa 1,027 alfajiri na 1,012 mchana. Kifaa kimeharibika?

---

Fundi wa Kipimamvua:

Kifaa kizima. Programu inafanya kama ilivyofundishwa, na mafundisho yenyewe ndiyo yanayogoma nyandani.

Ili kufika usawa wa bahari, programu inabuni nguzo ya hewa ya m 1,100 ambayo haipo, mahali palipojaa mwamba, na kuipa joto la kipimajoto chako. Hewa baridi ni nzito. Kwa nyuzi −15 nguzo hiyo ya kubuni inaongeza karibu hPa 139. Kwa nyuzi 15 inaongeza karibu 124. Tofauti ya hPa 15 yote imetoka kwenye joto ulilolisha, na kwenye ramani inaonekana kama mgandamizo mkubwa uliozaliwa usiku na kufa saa tano asubuhi.

Fomula ni: mgandamizo wa kituo × e^(9.81 × mwinuko ÷ (287 × joto katika kelvini)), ambapo e ni karibu 2.718 na kelvini ni nyuzi zako + 273. Badala ya joto la sasa weka wastani wa joto la sasa na la saa 12 zilizopita. Mchana na usiku vitafutana kwa sehemu kubwa. Na faili lako la kumbukumbu litunze mgandamizo wa kituo, ule 888, maana huo ndio uliopimwa.

---

Mpembuzi:

Naomba kuchomekea jambo dogo. Nyanda hizi kame za Oregon tunaziita "jangwa la juu" kwa mazoea, lakini kwa kipimo cha Köppen, mfumo wa kupanga tabianchi kwa joto na mvua, sehemu kubwa ya nyanda hizo si jangwa, ni nyika kame. Kikomo kinapatikana hivi: wastani wa joto la mwaka × 20, kisha ongeza 280 kama asilimia 70 au zaidi ya mvua hunyesha nusu ya joto ya mwaka, ongeza 140 kama imegawanyika, usiongeze kitu kama asilimia 70 huanguka nusu ya baridi. Mvua ikiwa chini ya kikomo, ni kame. Ikiwa chini ya nusu ya kikomo, ni jangwa.

Chukua nyuzi 8 na mm 290. Mvua iliyogawanyika: kikomo ni 160 + 140 = 300, kwa hiyo ni nyika kame kwa tundu la sindano. Mvua ya baridi tupu: kikomo ni 160, na mahali hapohapo hapahesabiki kuwa pakame hata kidogo. Milimita zilezile! Sababu ni kwamba mvua ya wakati wa baridi haivukizwi haraka, inalowa ardhini. Kwa hiyo kwenye jedwali lako usiishie kuandika jumla ya mwaka. Andika na mgawanyo wa miezi.

Na "pwani" nayo si neno la mvua. Atacama na Namib ni majangwa yaliyogusa bahari, kwa sababu ileile aliyoieleza Joshini kuhusu maji baridi, ila kule kifuniko kinakaa karibu mwaka mzima: ukungu upo, mvua hakuna.

---

Joshini:

Sahihi kabisa, Mpembuzi. Naongeza la vilele, kwa sababu nimesema mvua ni joshini na mtu anaweza kudhani kadiri unavyopanda ndivyo inavyozidi. Cascades ni karibu hivyo, huzidi hadi karibu na mgongo. Kilimanjaro sivyo: mteremko wa kusini hupata mvua nyingi zaidi kwenye m 2,200 hivi, kisha inapungua hadi kilele kiwe kikavu sana. Kisiwa cha Hawaii pia, ambako kifuniko cha hewa ya joto hukaa kwenye m 2,000 na kitu, mji wa Hilo chini yake hupata zaidi ya mm 3,000 kwa mwaka na kilele cha Mauna Kea hakifiki mm 250. Mvuke mwingi uko chini, na ukiwekewa kifuniko haufiki juu. Kabla ya kuchagua m 1,500 kwa kituo cha mlimani, hakikisha uko joshini na si m 200 kupita mgongo, maana hapo tayari umeingia demani ingawa ramani inasema "mlimani".

Na tazama mapengo. Mto Columbia umeukata mlima wa Cascades hadi karibu usawa wa bahari. Wakati wa baridi hewa nzito iliyojaa nyandani haipandi mlima, inamwagika magharibi kupitia pengo hilo hadi upande wa mji wa Portland. Mvua ya joto kutoka baharini ikipita juu yake, matone huanguka yakiwa maji na kuganda yanapogusa barabara na nyaya. Kituo kilicho kwenye mdomo wa pengo kitakuletea hewa ya nyandani chini na hewa ya pwani juu kwa wakati mmoja, na wastani wake wa mwezi hautafanana na kituo chochote kati ya vitatu ulivyo navyo. Kama mstari wako una uhuru wa kusogea, upitishe kusini ya pengo, kama ulivyo sasa.